Mbabula za Nyuma ya Geti

Mwalimu Lillian akiingia mahali, jambo la kwanza analofanya ni kuhesabu watu. Wala hafichi. Utamwona harusini, soda mkononi, macho yanapita safu hadi safu, kisha anakugeukia na kukunong'oneza kwamba upande wa bwana harusi wazee wamezidi na baada ya miaka michache ukoo ule utakuwa unakutana misibani tu. Nilimwambia siku moja kwamba mtu wa namna hiyo hafai kualikwa popote. Akacheka mpaka akashika mbavu. "Kaka Eddie, hata wewe nimeshakuhesabu," akasema. "Mwanamume wa makamo, hana mke, anapika chai na mayai. Kaya ya mtu mmoja. Bado mko wachache, lakini mnaongezeka."

Mimi ni fundi magari hapa Gikondo, Rwanda, na gereji yangu inapakana na ukuta wa nyumba yake. Sote wawili tulikulia Karagwe, Tanzania, wazazi wetu wakiwa wakimbizi, na ndiyo maana tukikutana tunamwaga Kiswahili cha kule hata mbele ya watu wanaokisikia kwa shida. Majirani wanasema tunaringa. Ni kweli, tunaringa kidogo.

Lillian anafundisha jiografia sekondari, lakini hili gonjwa la kuhesabu lilimpata kabla hajajua jiografia ni nini. Alikuwa mtoto wa shule ya msingi ilipofanyika sensa ya mwaka 1988. Karani wa sensa akafika kwao Karagwe, na baba yake, ambaye kama wakimbizi wengi hakupenda karatasi zenye mhuri, akawaambia watoto wakae kimya kama hawapo. Karani akaketi kwenye kigoda, akanywa maji, akauliza nani alilala katika nyumba ile usiku wa kuamkia siku ile. Baba akataja mmoja mmoja, mpaka akafika kwa Lillian, kitinda mimba.

"Akaniandika," Lillian hupenda kusema, na uso wake bado unafurahi kama wa mtoto yule. "Nikakaa mwaka mzima nikiamini kuna mtu Dar es Salaam anasoma jina langu."

Basi Rwanda ilipohesabu watu wake mwaka 2022 na walimu wakachukuliwa kuifanya kazi hiyo, hakuna aliyejiandikisha kwa haraka kuliko yeye. Ilikuwa Agosti, vumbi tupu. Alipanda na kushuka vilima vya Gikondo na kompyuta yake ndogo ya mkononi hadi soli za viatu zikaachia. Matokeo yalipotoka, watu wengine waliyasikia redioni wakaendelea na maisha. Yeye alizitafuta takwimu za sekta yetu, kama kata kule Tanzania, akachora mchoro mkubwa wa umri wa watu, wanaume kushoto, wanawake kulia, watoto chini, wazee juu, akauweka ukutani sebuleni, pale ambapo wenzake hutundika picha ya harusi. Mumewe Muhire alinung'unika wiki kadhaa, halafu akazoea.

Mimi niliuona mchoro ule kama chupa ya soda ya zamani. Chini pana, kwa sababu ya watoto. Kisha panabana. Halafu panatanuka tena penye miaka ya ishirini na kitu, kwa sababu ya vijana wanaokuja mjini kutafuta kazi. Mwisho shingo nyembamba ya wazee. "Hawa wa katikati," Lillian alinionyesha kwa kidole, "ndio wenye hawa wa chini. Ukiwaona hawa, jua na hawa wapo. Ukiambiwa hawapo, uliza tena."

Sasa nieleze habari ya stoo, maana yote yalianzia hapo.

Nyuma ya gereji yangu kuna stoo kubwa ya mtaa, imara lakini tupu, ambayo popo walikuwa wameifanya yao. Shirika moja la malezi likasema liko tayari kuitengeneza iwe irerero, mahali pa kuwaachia watoto wadogo mchana wazazi wakiwa kazini, ilimradi mtaa uonyeshe kwamba watoto hao wapo. Wasipokuwepo, shirika litaelekea Gatsata, ambako pia waliomba. Kwa upande mwingine, wenye nyumba wengi wa hapa waliitaka stoo iwe salle, ukumbi wa harusi. Uamuzi wa mwisho ungefanyika kwenye mkutano baada ya umuganda, ile kazi yetu ya pamoja ya Jumamosi ya mwisho wa mwezi.

Kwa watu wengi hayo yalikuwa maneno ya mkutanoni tu. Kwa Annick yalikuwa riziki. Annick ni msichana aliyekulia Bujumbura, anapanga chumba cha nyuma kwa Mzee Jean-Berchmans, na anachambua kahawa kwenye bohari huko chini. Ana mtoto anayeanza kutembea, anaitwa Ihirwe. Mama wa chumba cha pili aliyekuwa akimwangalia mtoto alikuwa anahama mwisho wa mwezi huohuo, na msimamizi wa bohari alishasema hataki kumwona mtoto kati ya magunia. Bila mahali pa kumwacha Ihirwe, kazi ingekwisha, na Annick hakuwa na ndugu wa kumkimbilia. Alinieleza haya mwenyewe siku moja, amesimama mlangoni pa gereji, bila kulia, kama mtu anayekueleza njia. Iliniuma.

Kazi ya kuonyesha kwamba watoto wapo ilimwangukia Benon, kiongozi wa mtaa. Kwetu kiongozi wa mtaa tunamwita Mudugudu, yaani Mtaa, kana kwamba yeye peke yake ndiye sisi sote, na Benon jina hilo analivaa vizuri. Alikulia Uganda, anatembea kifua mbele, na hajawahi kula hata pesa ya miche ya umuganda. Lillian alimwambia kwa Kiswahili, "Pita kila mahali, hesabu kaya, na kila kaya uulize watoto wa chini ya miaka mitano." Benon akaitikia, akapita kila mahali.

Alipomaliza alileta karatasi gerejini, Lillian alipokuwa amekuja kunisumbua kuhusu gari la Muhire. Lillian akaisoma, akatabasamu, kisha tabasamu likakatika.

"Benon, hawa ni watu wa wapi?"

"Ni watu yetu, madam. Kaya arobaini na moja. Watoto wadogo tisa."

"Na karibu wote wana nyumba zao wenyewe?"

"Wote wako na nyumba, eh."

Lillian akaokota chaki ninayochorea mabati, akapiga magoti sakafuni kwenye mafuta, akachora watu wa Benon kwa umri. Chini kukawa kwembamba, juu kunene. Tulikuwa tunatazama mtaa wa watu waliostaafu. "Sekta hii imejaa wapangaji," akasema. "Imejaa vijana. Kila alfajiri nasikia viatu vya wasichana wa kahawa vikishuka kilima. Kwenye karatasi yako wamekwenda wapi?"

Benon alivimba. "Mimi nilipita geti kwa geti, na miguu yangu hii! Mimi si mtu ya kukaa kwa kiti naandika uongo."

"Sijasema umedanganya. Wewe hudanganyi, na ndiyo maana nataka kujua uliuliza nini. Twende, uniulizie mbele yangu."

Wakatoka. Nikanawa mikono nikawafuata, kwa sababu nilihisi kuna ugomvi njiani na mimi ugomvi wa wengine siupiti hivihivi.

Geti la kwanza lilikuwa la Mzee Jean-Berchmans. Huyu naye alitoka Bujumbura zamani, mtu wa misa ya kwanza na suruali yenye mkunjo. Alitupokea kwa heshima zote. Benon akajipanga, akauliza kwa Kinyarwanda kama alivyouliza mara ya kwanza: hano hari ingo zingahe, yaani hapa kuna ingo ngapi?

"Rumwe," akajibu mzee. Moja.

"Umesikia, madam?" Benon akamgeukia Lillian. "Moja."

Wakati huohuo mtoto akapiga kelele nyuma ya nyumba, sauti ya mtoto aliyenyang'anywa kitu.

"Na huyo anayelia, Mzee wangu, ni wa nani?" akauliza Lillian.

"Ah, huyo? Hao ni balokateri," Mzee akasema, maana yake wapangaji, akipunga mkono kuelekea nyuma. "Balokateri iko kule nyuma. Hapa urugo iko moja tu. Niko mimi na madame."

Lillian akajipiga paji la uso, pa! Kisha akaanza kucheka, na mimi nikaelewa sekunde chache baada yake. Urugo, au ingo zikiwa nyingi, kwa Kinyarwanda na kwa Kirundi vilevile, ni ua uliozunguka nyumba, na ni familia iliyomo ndani ya ua huo. Zamani ua mmoja ulikuwa familia moja, kwa hiyo neno halikuwa na shida. Lakini Gikondo ya leo, nyuma ya geti moja kuna safu ya vyumba, na kila chumba kina maisha yake. Kwenye sensa walimu walifundishwa kuutenganisha ua na sufuria, wakapita hadi vyumba vya mwisho. Benon hakufundishwa na mtu. Aliambiwa kaya, akalitafsiri kuwa urugo kama ambavyo mtu yeyote hapa angelitafsiri, akauliza swali la kweli, akapewa jibu la kweli, na wasichana wote wa kahawa wakapotea.

"Kosa nusu ni langu," Lillian akamwambia. "Nilikupa neno la Karagwe nikakuacha uende nalo."

"Sasa hiyo kaya iko nini, kama si urugo?" Benon akauliza, bado amekasirika kidogo.

"Wanaopika pamoja. Usiulize ingo. Uliza mbabula ni ngapi."

Mbabula ni jiko la makaa, na saa ile ya jioni hazikuhitaji hata kuulizwa. Moshi ulikuwa umeshaanza kupanda nyuma ya nyumba. Benon akapiga hatua kuelekea uchochoroni, na hapo ndipo Mzee Jean-Berchmans alipojitanda katikati ya njia, mikono ukutani huku na huku.

"Ngoja kwanza," akasema. Heshima ilikuwa ingalipo, lakini imekauka. "Leo mnahesabu balokateri. Kesho nani anakuja? Anakuja mtu wa kodi. Mimi sikatai watoto. Lakini majina ya watu yangu, non, hapana."

Nilimwona Benon akirudi nyuma. Kumvunjia heshima mzee kwenye ua wake mwenyewe si jambo dogo kwa kiongozi. Akaanza kusema labda tupitie geti lingine kwanza.

"Tukiliacha hili tutayaacha yote," Lillian akasema. Hakupandisha sauti. "Mzee, sikuulizi chumba unapangisha kwa kiasi gani, na hapa hapaandikwi hilo. Nauliza nani anakula na nani, na watoto ni wangapi. Tukisema hapa mko wewe na mama tu, irerero litakwenda Gatsata. Utamwambia nini huyo anayelia?"

Aliyejibu ni mkewe, Mama Xavérine, ambaye alitokea uchochoroni nyuma ya mgongo wa mumewe, Ihirwe akiwa kiunoni, kashika kipande cha mhogo.

"Jean-Berchmans, toka njiani," akasema. "Miye nimechoka kumficha mtoto kama kuku ya kuiba." Kisha akatugeukia. "Kama hamna pa kumwandika, mumwandike kwangu. Anakula kwangu, analala kwangu mama yake akichelewa. Ni wetu."

Mimi ningemwandika pale pale na kumbusu mama yule mkono. Lillian akatikisa kichwa.

"Hapana, Mama. Umemtunza, Mungu akubariki. Lakini nikimwandika kwako, mama yake nimemfuta."

Mama Xavérine akataka kukasirika, akafikiri, akamhamishia Ihirwe kiuno cha pili. Mzee Jean-Berchmans alikuwa bado ukutani, lakini mikono ilikuwa imeshuka. Tukapita.

Nyuma kulikuwa na vyumba vitano na mbabula tano milangoni, na kwenye mbili maharage yalikuwa yameshachemka. Wanawake walisimama wakafuta mikono kwenye vitenge, wakidhani wamekosea jambo. Benon akaanza upya, sasa akiuliza polepole kama mtu anayejifunza baiskeli: hapa mnapika wangapi? Watoto wako na miaka ngapi? Katikati ya hayo Annick akaingia kutoka kazini, maganda ya kahawa yamemshika kwenye nywele, akamchukua mtoto wake na kutuangalia kwa wasiwasi.

Lillian alimwamkia, akamweleza tulichofuata, kisha akamuuliza: "Mkuu wa kaya yako ni nani?"

"Ni Mzee," akajibu Annick, akimwonyesha Jean-Berchmans kwa kidevu.

"Mzee anakupikia?"

Wanawake wakacheka. Annick naye akacheka kidogo. "Hapana, mwalimu."

"Nani ananunua makaa? Nani anaamua Ihirwe anywe dawa au apelekwe kituo cha afya?"

"Ni miye."

"Basi mkuu wa kaya ni nani?"

Annick alimtazama Mama Xavérine, kama mtu anayeomba ruhusa ya kuvaa nguo ya mwenyewe. Kisha akasema, kwa sauti ndogo lakini bila kutetemeka, "Ni miye." Benon akaandika: Annick, watu wawili. Nilijikuta nimefurahi kuliko siku nilipopata leseni ya gereji.

Tulipokuwa tunatoka, Mzee Jean-Berchmans alituita. Tulidhani anataka kugombana tena. Alikohoa, akatazama pembeni. "Iko ya sita," akasema. "Kule kwa garaji ya zamani. Bwana na mke na mapacha. Hao muliwaruka."

Kuanzia hapo Benon hakushikika. Jioni baada ya jioni alipita nyuma ya kila nyumba, akifuata moshi, na wenye mageti waliokuwa na hofu ya kodi aliwatuma kwanza kwa Jean-Berchmans wakasikie. Aliporudi gerejini, kaya arobaini na moja zilikuwa zimepita mia na thelathini, na watoto wadogo walikuwa wengi kiasi kwamba aliwahesabu mara mbili akiogopa kuitwa mwongo tena. Lillian akampa chaki. Safari hii alichora Benon mwenyewe: chini kukatanuka, kukabana, katikati kukatanuka tena, juu shingo. Akasimama akautazama mchoro wake mikono kiunoni.

"Hii sasa," akasema, "hii iko Gikondo."

Mama wa shirika alikuja, akalinganisha hesabu ile na takwimu za sekta nzima, akaona zinafuatana. Kwa upande wake akasema ndiyo. Ilibaki kura ya mtaa, na kura ndiyo iliyoninyima raha, kwa sababu desturi yetu ilikuwa kwamba anayesimama kusema ni mwenye urugo. Mwenye geti mmoja, sauti moja. Kwa hesabu hiyo salle ilikuwa imeshashinda kabla hatujaketi.

Jumamosi ile tulizibua mitaro, tukanawa, tukakaa kwenye nyasi. Benon akasimama na karatasi zake. Akasema leo ataita kaya kwa kaya, na kila mkuu wa kaya atasema anachotaka, salle au irerero.

Mwenye nyumba mmoja wa upande wa juu akainuka kwa hasira. "Tangu lini balokateri wanapiga kura ya mtaa?"

"Tangu mimi niliwahesabu," akajibu Benon, akaendelea kufunua karatasi.

Akaanza kuita. Wenye mageti walisimama upesi, wamezoea, na wengi wao walisema salle. Mzee Jean-Berchmans alisimama, akasema irerero, akaketi akikunja suruali ili isiharibike mkunjo. Wapangaji walikuwa wameketi nyuma, karibu na barabara, wanawake wengi wao, na tulijua kwamba vyumbani walishakubaliana. Lakini chumbani si mkutanoni. Hakuna hata mmoja wao aliyewahi kusimama pale.

"Annick," Benon akasoma. "Watu wawili."

Annick alimtazama Jean-Berchmans, kwa mazoea tu. Mzee akatikisa kichwa. "Si miye anaita," akamwambia. "Ni weye."

Annick akasimama. Alikaza kitenge kilichombeba Ihirwe mgongoni, na mtoto akachungulia begani kwake, akitushangaa.

"Tuko," akasema, na sauti ilifika mpaka kwenye gereji yangu. "Tuko wawili, na sote wawili tunataka irerero."

Nyuma yake wakaanza kuinuka wengine, mmoja, watatu, safu nzima, bila kungoja majina, hata Benon akalazimika kuwaomba waketi ili awaite kwa utaratibu. Salle ilipata kura za mageti mengi. Irerero lilipata kura za mtaa. Mafundi walikuwa bado hawajafukuza popo Jumatatu ilipofika, kwa hiyo Mama Xavérine alimchukua Ihirwe kwa muda, na Annick akashuka kilima na wenzake kwenda kwenye kahawa.